Nafasi ya Cleophace Kwenye Migomba

Shikamoo Bi Kauthar, naomba unisaidie maana usingizi umenikimbia. Mimi hutengeneza filamu za maisha halisi hapa Kayanga, na mwaka jana nilikwenda Uswidi kuwarekodi watu wetu wa Karagwe na Kyerwa wanaoishi kule, nikawakuta wanamenya ndizi za dukani wapike na maharage huku theluji ikidondoka dirishani, mgeni akiingia anapewa kahawa ya kutafuna kama kwa bibi, watoto wanasemeshwa Kinyambo wanajibu Kiswidi, nami nikawa nalia nyuma ya kamera kwa kukumbuka jiko la marehemu mama. Mwenyeji wangu alikuwa mzee Cleophace wa Bugomora, hakuna anayekumbuka kwao kama yeye, kibanja chao, shamba la nyumbani, anakieleza mgomba kwa mgomba, basi siku ya kuagana nikamuuliza atarudi lini, akasema mbele ya kamera, "Mwanangu, nikifa nizikwe hapahapa, wajukuu wapate pa kunitembelea. Mama nitamwambia mwenyewe." Hajamwambia mpaka leo. Niliporudi nikaenda Bugomora kumrekodi mama yake, Bibi Auleria, akanishika mkono akanipeleka hadi kando ya kaburi la mumewe, pana nafasi tupu katikati ya migomba, akasema, "Hapa sipandi kitu. Hapa ni pa Cleophace." Sasa filamu itaonyeshwa ukumbini hapa Kayanga mwezi huu, bibi ameshashonesha gauni, na maneno yale ndiyo moyo wa filamu, nikiyakata nimedanganya, nikiyaacha nitamuua bibi wa watu, nifanyeje?

Vestina, Kayanga

Marahaba, Vestina. Umenikumbusha babu yangu, aliyekuja Kayanga kuuza vitambaa akaitaja Pangani kwao kila siku ya maisha yake, na bado akausia azikwe hapa. Nilipokuwa mdogo sikumwelewa. Mtu anaweza kupakumbuka kwao mpaka kufa na asirudi, na mapenzi yake yasiwe ya uongo.

Lakini wewe mwanangu! Umeoneshwa nafasi ile, ukairekodi, ukaaga, ukaenda zako? Halafu unamwalika mama wa watu akapokee habari hiyo ukumbini, mbele ya watu wanaotafuna karanga? Hapo sikufichi, umenikera.

Usikate neno hata moja. Ila si kazi ya filamu kumwambia, ni kazi ya mwanawe. Mpigie Cleophace leo, mwambie filamu haioneshwi mpaka azungumze na mama yake. Akisuasua, ahirisha, ukumbi hauna miguu. Akikubali, nenda Bugomora na simu, mkalishe bibi palepale kando ya kaburi, muunganishe na mwanawe waonane, kisha ukae mbali. Kamera iache nyumbani. Najua unakunja uso, iache nyumbani.

Atalia, mwache alie. Kuja ukumbini au kutokuja, ataamua mwenyewe. Na wakimaliza kuzungumza, akitaka kupanda mgomba pale, mchimbie shimo. Akitaka kupaacha wazi, usimuulize kwa nini.