Pindo Lenye Mawe

Kambi ya Jabali
Tarehe 4, mwezi wa pili

Mama mpendwa,

Shikamoo. Goti lako linaendeleaje? Mimi mzima, nakula nashiba, ila koti ulilonishonea linanikomoa. Mawe ya kwenye pindo yananigonga vifundo vya miguu kila nikipiga hatua, na wenzangu wananicheka eti nimehama na nyumba nzima. Lakini nyapara aliponikagua alilipapasa pindo, akaniuliza fundi ni nani. Nikamwambia ni mama. Akasema, “Mama huyo analijua Jabali.”

Najua ulinikataza nisije, nikaja. Usininunie. Kazi ni kuchonga mawe mepesi ya kujengea dari. Jiwe likikuponyoka halianguki, linapanda juu, nawe unabaki umekodoa macho. Hata sisi tunapungua uzito tukikaa karibu nalo, kwa hiyo jioni tunapimwa, na aliyepungua anaongezewa mawe mazito kwenye pindo. Sheria ni moja tu: koti halivuliwi, hata kitandani.

Asubuhi ukungu ukiondoka tunawaona waliopaa. Wamesimama hewani juu ya kilele, kimya, mikono imelegea. Hawaozi wala hawazeeki. Wengine huku hawapendi kuwatazama. Mimi natazama, namtafuta baba.

Mwanao,
Sindano

*

Nyumbani
Tarehe 15, mwezi wa pili

Mwanangu Sindano,

Marahaba. Goti ni lile lile, na cherehani haina huruma nalo. Nilikununia, kisha nikachoka. Kununa peke yako ndani ya nyumba ni kazi bure, hakuna wa kukubembeleza.

Sasa nisikilize. Baba yako alivua koti kwa sababu ya joto tu, ili anywe maji. Nilikuwa mshonaji wa kambi, nilikuwa karibu. Nilimdaka mguu, nikabaki na kiatu. Ndicho hicho kilicho chini ya kitanda changu, ulichokuwa ukilazia wanasesere wako. Kwa hiyo ukimwona mwenye mguu mmoja peku, ndiye. Mwamkie kama mtoto mwenye adabu, kisha geuka ufanye kazi. Usimwite. Aliye juu akiitwa na damu yake hushuka, lakini hafiki chini. Huishia pale ambapo vidole vyako vinakaribia kumgusa, na hapo ndipo watu wanapopotea.

Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Huko uliko, mwanangu, guu halitagusa hata ardhi.

Barua yako ilikuwa ikinyanyuka mkononi mwa mtu wa posta, akaibana kwa kidole gumba. Sikuipenda hali ile. Niambie uzito wako.

Mama yako

*

Kambi ya Jabali
Tarehe 2, mwezi wa tatu

Mama,

Shikamoo. Mimi mzima. Nimemwona! Mguu wa kushoto peku, nywele nyeusi tititi. Mama, baba ni kijana. Ukisimama naye leo watasema wewe ni shangazi yake.

Sikumwita, naapa. Nilimwamkia tu kama ulivyoniambia: “Shikamoo, baba.” Basi. Kesho yake alikuwa chini ya kilele. Kila asubuhi anakuwa chini zaidi, na mdomo wake umeanza kufunguka. Nadhani anashuka ili aniitikie.

Nyapara anataka kunirudisha nyumbani. Nimemwomba anisubiri kidogo. Nitaondokaje, Mama, nimemwamkia mzazi na hajaitikia?

Sindano

*

Nyumbani
Tarehe 9, mwezi wa tatu

Sindano,

Sina hata nafasi ya salamu. Rudi. Nilikwambia umwamkie, nikasahau kwamba kwa mtoto salamu na kuita ni kitu kimoja. Kosa ni langu, usililipe wewe. Shikamoo isiyoitikiwa haijawahi kumuua mtu.

Uzito wako hukuniambia. Nimeona. Barua hii nampa dereva wa mkokoteni wa mawe, atasafiri usiku na mchana. Panda mkokoteni huo huo urudi nao. Nakuomba, mwanangu. Sijawahi kukuomba kitu.

Mama

*

Kambi

Mama, ameitikia. Sauti yake ndogo, inatoka mbali ingawa uso wake uko hapa. Alisema, “Marahaba, mama hajambo?” Aliulizia na kiatu chake.

Barua yako nimeipata. Mkokoteni umeondoka. Vidole vyake na vyangu vimebakiza shibiri moja. Naandika nimekalia ukingo wa karatasi isiruke. Ni shibiri moja tu, Mama. Ni mawe mawili au matatu.

*

Chini ya Jabali
Tarehe 24, mwezi wa tatu

Mwanangu,

Marahaba. Safari hii hukuniamkia, lakini mimi naitikia.

Nyapara mwenyewe aliniletea koti lako, akashindwa kuniangalia usoni. Pindo umelifumua vizuri, nyuzi zimetoka nzima, kitambaa hakina hata mchaniko. Ndivyo nilivyokufundisha. Nililia juu ya ule ufundi wako kuliko kitu kingine chochote. Barua yako nilipofungua bahasha iliruka hadi darini, nikaisoma nimesimama juu ya meza na goti langu hili.

Nimekuja. Nawaona mko wawili, mmeshikana mikono, na nywele zako zimesimama wima. Sitawaita. Naandika nyuma ya karatasi yako ile ile kwa sababu inajua njia, na nimeifunga kwenye uzi wa katani wa kushonea mahema. Uzi huo haukatiki, nimeupaka nta mara mbili.

Mawe yako yote nimeyarudisha kwenye pindo, nikaongeza ya kwangu na ya nyapara. Nimevaa koti lako juu ya langu. Kutembea siwezi tena, nimeketi. Kiatu cha baba yako kiko mapajani.

Nikimaliza mstari huu naiachia. Ikikufikia, shika uzi, na baba yako umshikilie vilevile, kisha uvute kidogo nijue. Ncha ya huku nimejifunga kiunoni. Usiogope kuvuta, mwanangu. Leo sipandi hata inchi.

Mama yako