Kibali cha Kuingia kwa Mama Mkwe

Kitengela,
Jumapili jioni

Kaka yangu mpendwa Isaac,

Mulembe. Natumaini barua hii itakukuta mzima pamoja na shemeji na watoto, na kwamba goti la Baba limepata nafuu tangu mvua ikatike huko Kimilili. Sisi hatujambo. Selpha anakusalimu, na vumbi la Kitengela pia, maana limeingia mpaka kwenye bahasha. Nimeandika badala ya kupiga simu kwa sababu simu yako huongea kwa sauti kubwa, na haya si ya kusikiwa na Mama.

Unajua ninavyoipenda kazi yangu ya kukagua dawa. Ukionyesha kitambulisho cha serikali, wenye maduka wanasimama wima. Lakini sheria imetuwekea mipaka: tunakagua duka, si nyumba ya mtu. Kuingia anakolala mtu ni lazima uwe na kibali cha korti.

Basi majuzi nilikagua duka la dawa la mama mmoja aitwaye Immaculate. Rafu zilikuwa safi na leseni iko ukutani, ila niliona wateja wakiletewa chupa kutoka mlango wa nyuma. Nilipotaka kupita, aliniambia, akitazama pembeni na bila kunipa mkono, kwamba huko ni chumbani kwake, niende nikalete kibali. Nilimwona mwenye maringo. Kisheria alikuwa sawa, nikaondoka nimefura.

Nilikwenda Kajiado nikaapa mbele ya hakimu. Mwenzangu wa kazi, Soila, alinishauri tuandikwe sote wawili. Nikakataa kwa sababu nilitaka sifa ziwe zangu. Kibali kikatoka na jina langu pekee.

Tuliporudi dukani na Soila, yule mama alikisoma chote mpaka mhuri. Kisha akauliza kwa upole kama Selpha hajambo. Kaka, nilimuuliza anamjuaje mke wangu, akanieleza. Huyo ni mdogo wa mama yake Selpha, yule ambaye hakuja harusini kwa ajili ya biashara zake za Namanga. Kwa desturi yetu ni mama mkwe kamili, na chumba chake sikanyagi. Alisema alinijua hata kabla sijafika dukani kwake, na kwamba mlango uko wazi, mkwe wake akaribie tu. Akaketi akakunja mikono. Hapo ndipo nilipoelewa kwa nini dawa zilihamia chumbani: alijua mkwe hataingia.

Nilimsihi Soila aingie yeye. Akasema jina lake haliko kwenye kibali, na akiingia kesi itatupwa nje. Alikuwa anacheka. Nilikuwa tayari kuandika kwamba sikuona kitu, lakini mteja mmoja aliyebeba mtoto, kifua kinakoroma, alisema dawa ya mtoto huyo ilitoka chumba hicho hicho na haijamsaidia. Sikuweza tena kuondoka.

Nilijifunika kichwa kwa koti, nikaingia kinyumenyume, Soila akinielekeza kutoka mlangoni: kidogo kushoto, rudi nyuma, sasa inama. Chini ya kitanda nilivuta karai, nikavuta viatu, halafu maboksi. Zilikuwa dawa za watoto zilizopitwa na muda, tarehe zimekwanguliwa. Tulimwandikia stakabadhi ya vyote tulivyochukua, akatia sahihi bila kunitazama. Mtoto tulimpeleka hospitali na anaendelea vizuri.

Selpha anajua niliingia. Alinuna, baadaye akasema angeingia mwenyewe kama angekuwapo. Lakini kuna jambo sijamwambia. Soila alichanganya kulia na kushoto, kitu kikanigonga nyuma ya magoti, nikaketi. Kaka, niliketi kwenye kitanda cha mama mkwe. Tena kikalia, na duka zima likasikia.

Ningenyamaza mpaka kufa, ila kesi itasikilizwa Kajiado mwezi ujao na shahidi ni mimi. Wakili wa Immaculate ameshasema atanitaka nieleze kwa kiapo, hatua kwa hatua, nilivyoyafikia yale maboksi. Wakwe wote wanakuja kusikiliza. Naogopa sana. Tafadhali mtayarishe Baba, na uwaulize wazee kuhusu kondoo wa kunitakasa, maana nitasema kweli yote, mpaka hapo kitandani.

Wape salamu zangu wote wa nyumbani, na ukimaliza kusoma uitie motoni hii barua.

Ni mimi mdogo wako akupendaye,
Wanjala