Barua Yako ya Kuthibitishwa Kazini

Masasi, Jumapili ya kwanza ya Oktoba. Leo natimiza miaka ishirini na tano tangu niondoke Nyahanga, kule Kahama tulikofundisha pamoja.

Masanja, rafiki yangu,

Mwangaluka. Najua huwezi kuitikia, lakini nimeshindwa kuanza bila kukusalimu.

Niliseme mapema lisije likanikwama kooni: nakuonea wivu. Nilidhani ukifa nao utakufa. Haukufa. Mkeo alinisimulia mazishi yako kwa simu, kwamba jeneza lilibebwa na watu wazima uliowafundisha kusoma, kisha wakapokewa na watoto wao, ambao nao uliwafundisha. Nikakata simu. Baadaye nikamwambia mtandao ulisumbua. Uongo. Mimi nimefundisha shule saba, na hakuna hata moja inayojua niko hai.

Tulithibitishwa kazini siku moja. Mwaka wa majaribio uliisha, mkaguzi akatuandikia vizuri, barua zikaja ndani ya bahasha za kaki. Yangu niliichomeka ndani ya kitabu, sikumbuki kipi. Yako uliitia kioo ukaitundika sebuleni, juu ya picha ya harusi. Nilicheka mpaka mkeo akanuna. "Wewe umeolewa na serikali," nilikuambia. Nawe ukasahihisha madaftari yako bila kuinua macho: "Heri ndoa kuliko uhawara, Nkwabi."

Tulikuwa tumekaribia umri wa miaka arobaini nilipoitwa na shule moja ya binafsi karibu na mgodi, upande wa Geita. Nyumba yenye umeme, na cheo cha mwalimu mkuu. Nikaacha kazi ya serikali kwa notisi ya saa ishirini na nne. Ulinisindikiza mpaka stendi ya Kahama ukaniuliza jambo moja tu: "Mkataba wa miaka mingapi?" Nikasema miwili. Ukanipandishia begi garini. Afadhali ungenitukana.

Mwaka wa pili mwenye shule aliniita ofisini. Mtoto wa mfanyabiashara wa dhahabu alikuwa amefeli hisabati, na baba yake ndiye aliyeahidi kutujengea bweni. "Mwalimu, alama ni wino tu," alisema. Mkataba wangu ulikuwa umebakiza miezi miwili. Nikabadilisha. Hilo sikukuandikia kamwe. Nilibadilisha, na mkataba hawakuuongeza hata hivyo. Ndipo nikaanza kuhamahama, Tabora, Songea, mpaka huku.

Nawe yalikufika yaleyale. Diwani alitaka mwanawe apewe alama asizozipata, ukakataa mbele ya walimu wote, wakubwa wakakuandikia mashtaka. Lakini iliwabidi wayaandike! Nimeielewa uzeeni maana ya kuthibitishwa. Si kwamba mwalimu hafukuziki. Ni kwamba anayetaka kukufukuza lazima ataje kosa kwa maandishi, usikilizwe, ujitetee, na ukishindwa ukate rufaa. Hasira ya mtu mmoja haitoshi. Ulijitetea kwa kurasa nne, wakayafuta mashtaka, Jumatatu ukaingia darasani na chaki yako.

Kinga hiyohiyo ilimlinda mwenzetu aliyekuja kazini amelewa. Kila tulipobishana nilikutupia huyo. Hukukana. "Tumvumilie mlevi mmoja," ulisema, "ili sisi wengine tuweze kusema kweli." Nililichukia jibu lile kwa sababu lilikuwa sahihi.

Sasa Kabula. Binti yako yuko kwenye mwaka wake wa majaribio, shule ya serikali huko Geita. Mwezi uliopita alinipigia. "Shikamoo, baba mdogo. Baba alisema nikikwama nikuulize wewe." Shule ya binafsi inamtaka, na jibu walilitaka kabla ya Ijumaa. Nikamwambia nitafikiri.

Nisikufiche nilichofikiri. Nilitaka aende. Nilitaka katika nyumba yako apatikane angalau mmoja wa kuonja nilichoonja mimi. Siku tatu nilikaa na neno "nenda" mdomoni. Mtoto niliyembeba mgongoni, Masanja.

Alhamisi nikampigia. Nikamweleza habari ya zile alama, yote, hata wino niliotumia. Akauliza: "Baba alijua?" Nikasema hapana. "Basi nabaki, baba mdogo. Kazi ya kumficha baba siitaki. Waende wakatafute mwingine." Nikafurahi. Na papo hapo nikaona wivu tena, safari hii kwa binti, maana ana miaka ishirini na sita na ameomba ushauri kabla ya kuondoka, nami sikumwuliza mtu.

Mkeo anasema mwezi ujao watalijengea kaburi lako, na wameniwekea nafasi ya kusema neno. Nakuahidi hili moja: Kabula akiniuliza tena, nitamjibu kweli siku hiyohiyo. Kuja, hapana. Watasimama mmoja mmoja kusema ulivyowafundisha, nami sitaweza kukaa mpaka wa mwisho amalize.

Pumzika, mwalimu. Mimi sitarudi.

Nkwabi