Nyumba Moja kwa Bei ya Tatu na Nusu

Jumamosi, 2 Agosti 2025

Emoit amerudi na karatasi ya benki ndani ya kitabu cha fizikia, isije ikakunjika. Cheti cha ndoa hakukitunza hivyo.

Benki iko tayari kutukopesha milioni themanini za Uganda. Tujenge kwao Mukuju, kwenye kiwanja alichoachiwa na babake. Vyumba vitatu, choo ndani, vigae. Tulipe polepole, miaka ishirini.

Nikauliza ngapi kwa mwezi. Akasema elfu arobaini na mbili na kidogo, za Kenya. Namjua huyu. Akitaka kitu kionekane kidogo anakitaja kwa pesa ya Kenya. Akitaka kionekane kikubwa – mshahara wake, kwa mfano – anahamia ya Uganda. Mimi nauza mapazia upande wa Kenya na kulala upande wa Uganda, kwa hiyo nikabadilisha kichwani kabla hajamaliza kuvua viatu. Milioni moja, laki moja na elfu sabini na kitu.

Lakini nimefurahi! Miaka kumi na moja tuko kwenye vyumba viwili vya kupanga hapa Busia. Choo kiko nje, cha wapangaji wanne pamoja na mbuzi wa mwenye nyumba. Mbuzi halipi kodi.

Madirisha ni tisa. Nimeyahesabu kwenye ramani. Nilishajua pazia la kila moja kabla ya chai.

Jumapili, 3 Agosti

Baada ya kanisa tukaenda Mukuju kumpa mama mkwe habari. Emoit akaeleza vizuri sana, kama yuko darasani. Vyumba, vigae, maji ya bomba hadi jikoni. Mama akasikiliza mpaka mwisho.

Kisha akauliza: "Na simenti ya mzee?"

Basi. Hilo tu.

Mzee Emojong, babake Emoit, alifariki mwaka wa 2017. Yuko nyuma ya nyumba ya zamani, na mpaka leo kaburi ni udongo. Msalaba ulikuwa wa mbao, mchwa wameshaumaliza. Hapa kwao mtoto wa kiume mwenye kazi humjengea babake kaburi: simenti, jina, maombi, watu wanakula. Emoit ana kazi. Kila Desemba anasema Desemba ijayo. Mama ameshasikia Desemba saba.

Emoit akamwambia: nyumba kwanza, mama. Mama akasema nyumba ya mzee pia ni nyumba. Tukala karanga.

Jumatano, 6 Agosti

Benki, Tororo. Anayetuhudumia anaitwa Jovia, msichana mpole, kucha ndefu lakini anachapa haraka. Akatuuliza maswali mengi. Miaka ya Emoit? Thelathini na tisa. Vizuri, akasema, mkopo utaisha akiwa hamsini na tisa, na anastaafu sitini. Kumbe tutakuwa na mwaka mzima wa kufurahi.

Kisha: "Kwa kiwanja iko kaburi?"

Emoit akajibu hakuna. Haraka, hata mimi nilikuwa bado nasikiliza swali. Na kiatu chake kikaja juu ya kiatu changu.

Jovia akasema ni vizuri, maana kiwanja chenye kaburi hakipati mnunuzi. Nikauliza mnunuzi wa nini, sisi si tunajenga? Akaeleza bila ubaya wowote. Tukishindwa kulipa, benki inauza. Kiwanja, nyumba mpya, nyumba ya zamani anamolala mama. Vyote. Ndiyo maana watamtuma mtu aje kupima na kutazama. Na mimi kama mke lazima niweke sahihi, bila sahihi yangu hakuna kitu.

Tulipotoka nikamwambia Emoit amemkana babake mbele ya kompyuta. Akasema hajakana, amejibu swali la kiwanja. Kiwanja kinapimwa juu, si chini.

Mwalimu wa fizikia huyo.

Jumamosi, 9 Agosti

Leo nimelima.

Mpango ni wa Emoit. Kaburi la udongo ni tuta. Viazi vitamu navyo hupandwa kwenye matuta. Kwa hiyo tukipiga matuta mengine pembeni, huyo mpimaji ataona shamba la viazi tu. Nikasema haya. Niandike ukweli: sikubisha sana. Nilikuwa nafikiria dirisha la sebuleni.

Tumepiga matuta kumi na manane. La mzee ni refu kuliko mengine, tukalikata katikati kwa jembe liwe mawili. Emoit akasema nalo lipandwe mbegu, la sivyo litajulikana. Yeye akakumbuka ana simu ya kupiga. Nikapanda mimi. Nilisema samahani mzee, kwa Kisamia, lugha ya kwetu, ambayo hakuijua hata akiwa hai.

Mama alikaa mlangoni muda wote akichambua kunde. Tulipomaliza akasema: "Sasa mzee imekuwa kiazi."

Hakukasirika. Ingekuwa nafuu angekasirika.

Jumanne, 12 Agosti

Leo nimejiona.

Alikuja mama mmoja kibandani, anataka mapazia ya sebule na chumba. Nikamtajia elfu tisa za Kenya. Akashika kifua. Nikamwambia basi lipa polepole, elfu moja kila mwezi, mwaka mmoja. Akashukuru sana! Akaondoka na mapazia kichwani, anacheka. Elfu tisa ilikuwa ghali. Elfu kumi na mbili ikawa rahisi.

Nafanya hivi kila wiki. Mteja haulizi jumla. Akiuliza kila mwezi ngapi, mimi najua nimeshauza.

Maggie wa kibanda cha pili akaniuliza mbona nimesimama kama nimeona nyoka. Nikamwambia mimi pia nimeuliza kila mwezi ngapi. Nikamtajia kiasi, na miaka. Akachukua simu, akapiga hesabu ya pesa ya Kenya mwenyewe.

"Aki Nerima, hiyo ni milioni kumi na kitu. Kwani mnajengea nani, gavana?"

Nikasema riba ni asilimia kumi na saba tu. Akasema hata malaria huanza na homa tu.

Nimeudhika naye mpaka jioni. Sijui kwa nini naye.

Alhamisi, 14 Agosti

Nimeenda Tororo peke yangu. Kibanda nimemwachia Maggie.

Nikamwuliza Jovia jumla. Akachapa, akanigeuzia kompyuta nione. Milioni mia mbili themanini na moja na zaidi. Tunakopa themanini. Yaani tunanunua nyumba tatu na nusu, tunapewa moja.

Nikamwuliza jambo jingine. Tukilipa miaka mitano bila kukosa hata mwezi, halafu tukapata bahati tukataka kumaliza, tutakuwa tunadaiwa ngapi? Akachapa tena. "Sabini na sita na kidogo."

Nikadhani sikusikia. Nikamwuliza tutakuwa tumelipa ngapi hiyo miaka mitano. Sabini.

Tunalipa milioni sabini na deni linapungua karibu nne. Jovia akaeleza kwamba mwanzoni karibu yote ni riba, deni lenyewe linaguswa baadaye. Milioni nne kwenye ramani yetu ni choo na bafu. Miaka mitano ya mume wangu kufundisha nguvu za sumaku, tutakuwa tumelipia choo.

Jovia si mtu mbaya. Akanionyesha pia kwamba kwa miaka kumi na mitano ingekuwa kama elfu hamsini na nane za Uganda zaidi kwa mwezi, ila jumla inapungua milioni sitini. Elfu hamsini na nane! Pazia moja la dirisha dogo! Lakini mshahara wa Emoit ukishakatwa ya chama cha walimu, benki hairuhusu hata hiyo nyongeza. Aliye na kidogo ndiye anauziwa ghali. Hilo nalijua, nimelifanya kibandani.

Akasema watu huwa hawamwulizi hivyo. Huwa wanauliza pesa zinatoka lini.

Ijumaa, 15 Agosti

Nimemwambia Emoit asubuhi, kabla hajaenda shule. Choo, miaka mitano, yote. Nilitarajia akasirike au abishe hesabu. Hesabu alikuwa anaijua. Alishaipiga kabla ya kuniletea karatasi.

Akasema kodi ya hapa Busia nayo tumelipa miaka kumi na moja, na hatujapata hata choo. Akasema tena, miaka ishirini ijayo hiyo milioni itanunua soda. Labda kweli.

Nikasema basi tujenge kama watu wengine. Matofali mwaka huu, msingi mwaka ujao, chumba kimoja kimoja.

Akaweka kikombe chini. Akasema: "Baba alijenga hivyo. Alikufa upande mmoja haijaezekwa. Mvua ilinyesha kwa matanga yake, Nerima, ndani ya nyumba yake."

Nilikuwepo. Tulisogeza jeneza mara mbili.

Nimemwonea huruma sana. Ningemkumbatia, lakini alikuwa amechelewa kipindi cha kwanza.

Nataka nyumba ile. Nataka sana. Sitaki kuilipia mara tatu na nusu, na sitaki mama awe anadaiwa asijue, na bado nataka vigae. Vyote viko ndani yangu kwa wakati mmoja, hakuna kinachotoka.

Jumatatu, 18 Agosti

Mama mkwe ameuza nguruwe wake. Sababu hajasema.

Alhamisi, 21 Agosti

Jovia amepiga simu. Mpimaji anakuja Jumamosi, anaitwa Olweny.

Nimepeleka sukari Mukuju. Viazi vimeota. Tuta la mzee limeota vizuri kuliko yote, majani mapana, hata aibu. Na ndani ya nyumba ya zamani, nyuma ya pazia – langu, nilimpa Krismasi – kuna mifuko mitatu ya simenti.

Nikamwuliza mama ni ya nini. Akanitazama kama mtu aliyeuliza chumvi ni ya nini.

Nikamwomba angoje mpaka wiki ijayo. Akasema amengoja Desemba saba, Agosti hatangoja. Nikaona nimweleze. Nikamwambia kuhusu benki, na kuuza, na kwamba ni pamoja na kitanda chake. Emoit alikuwa hajamwambia. Akafikiria kidogo.

"Na mzee, wananunua pia?"

Nikasema ndiyo maana ya viazi, mama. Akasema mmh. Akanipa kunde nipeleke nyumbani.

Sijamwambia Emoit habari ya simenti. Nasema nitamwambia kesho.

Ijumaa, 22 Agosti

Sijamwambia.

Jumamosi, 23 Agosti

Naandika jikoni kwa mama, Mukuju. Chai iko motoni.

Olweny alifika saa nne. Mtu wa makamo, buti za mpira, kifaa cha kupimia mkononi. Ni Mjapadhola, mtu wa hapa hapa. Nilitamani wangetuma mtu wa Kampala. Akazunguka mipaka yote, akaandika. Akatazama nyumba ya zamani, akaandika. Akafika kwenye viazi, akasimama. Hakuandika.

Akauliza mbona viazi vimelimwa nyuma ya nyumba kwenye kivuli, na mbele kuna jua tupu. Emoit akasema ni majaribio. Ya shule.

Akauliza mzee mwenyewe alizikwa wapi.

Emoit akasema Mella, mbali na hapa. Kwa ukoo.

Alisema kwa sauti nzuri tu ya mwalimu. Na mama alikuwa ameketi mlangoni, si hatua kumi. Alisikia. Nilimwona akisikia. Mume wake amelala pale miaka minane, anamsalimu kila asubuhi akienda kutafuta kuni, na mtoto wake amemhamishia Mella bila hata gari.

Akainuka taratibu, akashika kiuno, akaingia ndani. Akatoka anaburuta mfuko wa simenti. Nguo yake ya kanisa!

Olweny akaomba maji ya kunywa, nikamwambia nitaleta chai, nikakimbilia huku.

Emoit amekuja mlangoni sasa hivi. Ananong'ona. Niende nimwambie mama aache kwanza, nusu saa tu, jamaa amalize, aondoke. Atanisikia mimi, amesema, yeye hatamsikia. Ni kweli. Jasho linamtoka. Uso wake ni ule wa siku ya matanga, tulipokuwa tunasogeza jeneza. Nampenda mtu huyu. Amerudi nje kumwonyesha Olweny mahali pa tangi la maji.

Nasikia beleshi. Mchanga, simenti, mchanga. Anachanganya vizuri, hana haraka. Sasa limesimama.

Mama anaita: "Nerima! Leta maji!"

Emoit anaita kutoka upande ule mwingine, sauti ya wageni: "Nerima, chai tayari?"

Chai iko tayari. Vikombe vitatu kwenye sinia. Jerikani ya maji nayo imejaa, iko hapa karibu na mguu wangu. Nimejaribu kubeba sinia kwa mkono mmoja na jerikani kwa mwingine. Haiwezekani. Lita ishirini inataka mikono yote miwili.

Nimefunika chai isipoe.