Pasipoti Inataka Baba Mmoja

Mpendwa Baba Mdogo,

Shikamoo. Najua huko uliko huwezi kuniitikia, lakini tangu utoto sijawahi kukuanza kwa neno jingine, na leo nimechoka mno kujifunza adabu mpya.

Nimerudi jioni hii kutoka Tanga. Safari hizi za pasipoti nimeacha kuzihesabu. Kona za kupandia Soni zimenimaliza mgongo, miguu imevimba, na yule mtoto uliyekuwa ukimwita bibi harusi hata akiwa na kamasi sasa anashika ukuta ndipo anyanyuke kitini.

Mjukuu wako Neema ni mjamzito. Yuko Botswana na mumewe, mimba ya kwanza, na kila akipiga simu ananiuliza lile lile: "Mama, utafika? Huku nani atanikanda?" Nami pasipoti yangu imeisha muda. Unaikumbuka, ile niliyoendea Nairobi na kwaya. Ulipoiona picha yangu ulicheka mpaka ukakohoa. "Mbona umenuna hivi? Watadhani unakwenda kudai mahari."

Nilidhani kuibadilisha ni kazi ndogo. Wakati ule walitazama cheti cha kuzaliwa, basi. Siku hizi wanakilinganisha na taarifa za kitambulisho cha taifa, na zangu hazipatani. Kwenye cheti baba yangu ni Eliamini, yaani wewe. Kwenye kitambulisho baba yangu ni Yohana, kaka yako, aliyefariki mimi nikiwa tumboni.

Binti wa dirishani pale Uhamiaji ana adabu zake. Aliniamkia, akanivutia kiti. "Sasa mama, baba yako ni yupi?"

"Wote wawili," nikamjibu.

Akatabasamu. "Mfumo unataka mmoja, mama."

Ningeanzia wapi kumweleza, na foleni nyuma yangu imefika mlangoni? Ningemweleza siku uliyonibeba kwenda kwa karani, mama akiwa bado amelala na uzazi wake na msiba wake. Kisa hicho ulinisimulia mara nyingi, kila mara ukijisifu. "Karani kaniuliza, baba wa mtoto nani? Nikamtazama. Si mimi hapa nimembeba? Nikamwambia, andika Eliamini." Wala hukudanganya. Kwetu mtoto wa kaka yako ni mtoto wako. Nyumbani nilikuita Tate kama watoto wote wa Kishambaa wanavyowaita baba zao, na hilo la Baba Mdogo nilifundishwa baadaye, la kusema mbele za watu. Viatu vyangu vya kipaimara ulivinunua wewe, vikubwa kupita kiasi, ukavijaza matambara mbele na kuniambia mguu utavifuata. Ulivifuata, ila si mwaka ule.

Kisha ukaja wakati wa kuandikisha vitambulisho. Tulipanga foleni pamoja pale kwenye kata, wewe na fimbo yako. Nilipoulizwa jina la baba, nikafungua mdomo nikutaje, ukaniwahi. "Sema Yohana. Mimi watu wananijua. Yeye asipotajwa hapa, atatajwa wapi tena?" Macho yako yalikuwa yamelowa, ukasingizia vumbi. Nikasema Yohana.

Kwa hiyo ni wewe mwenyewe, Tate. Mara ya kwanza ulijitaja kwa kunipenda mimi, mara ya pili ukajiondoa kwa kumpenda kaka yako, na mapenzi yako yote mawili yamekwenda kugongana ndani ya kompyuta. Nilicheka peke yangu ndani ya basi, kicheko cha uchovu, mpaka jirani yangu akasogea dirishani.

Leo nilikwenda kwa wakili kula kiapo. Ni kijana mpole, anaandika upesi. Akanisomea: mimi fulani naapa kwamba Eliamini si baba yangu mzazi. Hapo nilivumilia, maana ni kweli. Akaendelea: na kwamba jina lake liliandikwa kwenye cheti kimakosa.

"Hilo neno kimakosa liondoe, mwanangu," nikamwambia.

"Bila hilo watakirudisha, mama. Lazima kuwe na sababu."

"Basi andika, kwa sababu ndiye aliyekuwa amenibeba."

Aliweka kalamu chini. Hakunicheka, namshukuru. Aliniambia tu kwa sauti ya chini kwamba hiyo si sababu ya kisheria. Nikamfikiria Neema, mzazi mbichi, peke yake na birika la maji ya moto na kichanga kinacholia, asijue aanzie wapi. Nikasaini.

Imeniuma, Tate. Sikuombi msamaha, kwa kuwa najua ungenishika mkono mwenyewe nisaini, tena ungenigombeza kwa kuchelewa. Lakini imeniuma, na humu ndani sina mtu wa kumwambia akaelewa.

Pasipoti wamesema itatoka. Nitakwenda kumkanda mwanangu, Mungu akipenda nitamuwahi. Tangu nianze kupanda na kushuka, kila neno la kweli nililosema pale wamelidai ushahidi: nilizaliwa wapi, nani alikuwepo, Yohana alizikwa wapi. Leo nimewapelekea neno moja la uongo, na hilo limepokelewa bila swali. Binti wa dirishani akalitazama, akafurahi kwa ajili yangu. "Umeona, mama?" akasema. "Sasa kila kitu kiko sawa."

Pumzika, Tate. Ngoja nami nikanyooshe mgongo.

Ni mimi,
mwanao.