Sanduku Ambalo Hakuna Aliyeliona

Jumamosi, 3 Oktoba 1959

Na bado nasema hakuna sauti kama ya Dalmas wangu, Kisumu nzima! Leo walimjaribisha kutangaza mpira uwanjani kwa kipaza sauti. Miezi miwili ya ndoa, na moyo bado unaruka.

Kisha Gordon, mdogo wake, akapiga penalti – kipa wa Kombewa, kwetu Seme, akadaka. Dalmas akamtaja kipa huyo kwa majina yake yote ya sifa, kama kwenye ngoma. Kumsifu aliyemshinda ndugu yako! Baba mkwe, mchezaji maarufu wa zamani, baba wa wachezaji wanne, akainuka akaenda.

Nilipiga makofi. Peke yangu.

Jumapili, 4 Oktoba

Asembo Bay, kwa wakwe. Napika kwa Mama mkwe, sijapewa jiko langu. Mimi na Mzee hatusemezani – ndiyo heshima. Basi amekaa nje ya mlango, anaongea na Mama kwa sauti ya kunifikia.

“Mama Dalmas, hiyo televisheni iko wapi?”

“Wanasema itakuja Nairobi, Mzee.”

“Itakuja! Kampuni imemwajiri aichezee mpira, inamlipa kwa miguu yake, yeye anaacha mpira angojee sanduku ambalo hakuna aliyeliona. Mwambie huyo binti wa Seme. Kipa wa kwao amesifiwa vya kutosha.”

Nikageuza samaki. “Mama, mwambie Baba, Surinder wa dukani aliliona London. Mtu anaonekana mpaka meno.”

“Meno yake tunayajua! Watu wanalipia miguu.”

Mama alificha kicheko kwenye leso.

Jumatano, 14 Oktoba

Barua ya watu wa redio, Nairobi! Kuanzia Jumanne ijayo, wiki nzima, wampime sauti na uso. Aanze na redio, televisheni ikifika awe tayari. Tumecheza dansi bila gramafoni. Uso ule! Wapime tu.

Jumapili, 18 Oktoba

Gordon amekuja na baiskeli, amechoka. Mzee ameliandikisha jina la Dalmas kwa mechi ya Jumamosi, ametangazia ufuo mzima. Asipocheza, asikanyage boma lake.

Dalmas amekaa kitandani. Ameniuliza, niende kweli? Nimempigia shati pasi. Nimepiga la pili.

Gordon nimemtuma kwa Mama: Dalmas anapanda treni kesho. Mimi nitafika Asembo kabla mwezi haujaisha, hata peke yangu. Waniwekee pa kulala.