Makabidhiano ya Bandari na Matanga ya Mama

Dar es Salaam, Jumapili jioni

Mdogo wangu mpendwa Konsolata,

Nakusalimu wewe na wote wanaolala chini ya paa lako hapo Nyarusange. Natumaini goti lako limepata nafuu na kwamba mvua haikuharibu maharagwe. Mimi ni mzima wa mwili, namshukuru Mungu.

Ulinikatia simu, jambo ambalo mdogo hamfanyii kaka yake. Lakini ulilosema kabla ya kukata halijanitoka: "Kaka, kila ukisema meli, mimi nasikia hapana." Ulinieleza pia alivyonena baba wa bwana harusi alipotoka Gasorwe kuja kuuliza siku ya harusi: "Huyu mjomba iko wapi? Tuko tunaoa binti ao tuko tunaoa bandari?" Ulisema watu walicheka. Mimi sikucheka. Najua kwamba binti yako hawezi kuolewa kabla hatujaganduka, yaani kutoka matangani, na kwamba hatujaganduka kwa sababu mkubwa wa nyumba, ambaye ndiye mimi, hajafika kumaliza matanga ya mama. Mmeahirisha mara mbili kwa ajili yangu.

Sijawahi kukueleza kazi hii inavyokwenda. Nilipoajiriwa, gati zote ziliendeshwa na shirika la serikali. Magunia ya kahawa ya kwetu yalivuka ziwa hadi Kigoma, kisha yakaja kwa treni, nasi tuliyapanga kwa mikono ndani ya ngama, tumboni mwa meli. Baadaye bandari ilikodishwa kwa kampuni. Ikaleta kreni ndefu na makontena, na magenge mengi ya wapagazi yakavunjwa. Siku ya makabidhiano kila mfanyakazi alitakiwa asimame gatini na kuitikia jina lake. Asiyekuwapo alihesabiwa ameacha kazi. Wiki hiyohiyo amani ilikuwa imerudi kwetu, na malori yaliwachukua wewe na mama kutoka kambi ya wakimbizi kuwarudisha nyumbani. Nilitaka kuja kuwasindikiza. Mama alikataa: "Shika kazi. Sisi njia tunaijua." Nilibaki, nikaitikia jina. Sikumwona tena.

Sasa mkataba wa kampuni hiyo umekwisha na inaingia nyingine. Makabidhiano yamewekwa Jumamosi ileile mliyochagua ya kuganduka. Juzi nilikwenda ofisini.

"Mzee wangu, siku haihamishiki," karani alisema. "Usipoonekana, jina linafutwa."

"Naweza kuitikia leo?"

"Kampuni yenyewe haijafika, Mzee. Utamwitikia nani?"

Nilitoka. Shomari, anayeendesha kreni, alikuwa amesikia. "Mzee Mrundi," aliniambia, "subiri wiki moja tu. Marehemu hana haraka!"

"Marehemu hana," nilimjibu. "Dada yangu anayo."

Akaniomba radhi.

Konsolata, nimelifikiri jambo hili kwa utulivu. Wenzangu wananiona mjinga, kwa kuwa kazi hii ndiyo pekee niijuayo. Lakini safari ile mama ndiye aliyeniruhusu kubaki. Sasa hayupo wa kuniruhusu.

Barua hii naitanguliza kesho kwa dereva wa basi; mimi naondoka Jumatano. Msiahirishe tena. Loweka mtama wa pombe, na uwaite majirani wote waliobeba jeneza. Neno la kumaliza matanga nitalisema mwenyewe. Mtu wa umri wangu, aliyezoea gati, atafanya nini Nyarusange, sijui. Hilo usiniulize mbele ya watu siku ya mama.

Mpe shemeji yangu, mume wako, mkono wa heshima. Mwambie binti yako kwamba mjomba wake hajamsahau. Shangazi yetu wa Makebuko aletwe mapema, apumzike. Baba wa bwana harusi mfikishie salamu zangu, wala usimrudishie maneno yake. Alikuwa na haki ya kuuliza.

Niliye njiani kuja kwenu,
kaka yako,
Deogratias